Parasetamoli Yenye Majina Mawili: Onyo kwa Ndugu Mnaohamia Marekani

Katika majira yangu ya kwanza ya baridi hapa Columbus, Ohio, nilishikwa na mafua makali, na kwa siku tatu nilimeza dawa moja yenye majina mawili nikiamini kwamba ni dawa mbili tofauti. Asubuhi, mchana na jioni nilimeza vidonge viwili vya Panadol nilivyofungashiwa na mama mdogo kutoka Tanga. Kichwa kilipokataa kutulia, niliongeza kila mara vidonge viwili vya dawa niliyopewa na mfanyakazi mwenzangu, ambayo kichupa chake kiliandikwa acetaminophen, na usiku nikanywa vipimo viwili vya dawa ya maji ya mafua niliyoinunua dukani. Siku ya nne nilikuwa natapika, na maumivu chini ya mbavu za kulia yalinizidi hadi nikapelekwa hospitali.

Parasetamoli, ambayo ndiyo iliyomo ndani ya Panadol, na asetaminofeni ni kemikali ileile. Sisi tumezoea jina la kwanza, sawa na Waingereza. Wamarekani na Wakanada hutumia la pili, na yote mawili yamekatwa kutoka katika jina moja refu la kikemia, kila upande ukichukua silabi zake. Hata ile dawa ya maji ya usiku ilikuwa na kemikali hiyohiyo, miligramu 650 katika kila kipimo.

Tufanye hesabu ambayo mimi sikuifanya. Mtu mzima mwenye afya hapaswi kuvuka miligramu 4,000 katika saa 24. Panadol zangu sita zilikuwa miligramu 3,000, vidonge vya mwenzangu 3,000 nyingine, na dawa ya maji 1,300. Jumla ni miligramu 7,300 kwa siku, tena katika mwili ambao ulikuwa haujala chochote cha maana. Sehemu ndogo ya dawa hii hugeuka sumu inapopita kwenye ini, na ini lina akiba ya kuizima sumu hiyo. Akiba ikiisha, jambo ambalo hutokea upesi zaidi kwa mtu asiyekula, chembe za ini huanza kufa.

Jambo baya zaidi ni kwamba siku ya kwanza unaweza usihisi chochote, au uhisi kichefuchefu tu ambacho utakidhania ni cha mafua. Kwa hiyo usingoje dalili. Ukigundua kwamba umezidisha, piga simu ya kituo cha sumu, 1-800-222-1222, ambayo ni ya bure na ya siri, mchana na usiku. Dawa ya kuokoa ini, asetilisisteini, hufanya kazi vizuri zaidi ikianza ndani ya saa 8 tangu dawa izidishwe. Mimi niliwekewa dripu yake kwa saa 21, nikiwa nimechelewa mno, na ni kwa rehema za Mungu tu ini langu lilirudi katika hali yake. Ankara zilikuja baadaye kwa mafungu, na wewe zikikufikia, omba mchanganuo wake na fomu ya msaada wa kifedha kabla ya kulipa.

Nawasihi, msisome jina kubwa la mbele ya boksi. Geuzeni, mtafute jedwali lenye kichwa ‘Drug Facts’, na msome mstari wa kwanza unaotaja kemikali na miligramu zake. Kwenye vichupa vya dawa alizoandika daktari, hasa za maumivu baada ya kung'olewa jino, neno hilo wakati mwingine hufupishwa kuwa APAP, na hiyo nayo ni parasetamoli.

Sikubaliani na utaratibu wa nchi hii. Kichupa chenye mamia ya vidonge hivi kinauzwa karibu na mikate, unakilipia kwenye mashine bila mtu kukuuliza nani anaumwa, ilhali amoksisilini hupati bila cheti cha daktari. Uingereza tangu mwaka 1998 duka la kawaida huuza pakiti zisizozidi vidonge 16, na naona hapo wamekuwa na busara zaidi. Huku wanaamini kwamba wakishaandika onyo, wajibu wao umekwisha.

Nanyi ndugu zetu mlioko nyumbani, upendo wenu tunauona, lakini acheni kututumia vidonge vilivyokatwa kwa mkasi au kuhesabiwa ndani ya bahasha iliyoandikwa ‘2x3’ pekee. Mama mdogo, shikamoo. Nilikuomba Panadol mwenyewe na sikulaumu, ila safari nyingine tuma boksi zima lenye karatasi yake.

Mtego huu hauishii kwenye dawa za maumivu. Salbutamoli ya pumu huku huitwa albuterol. Glibenclamide ya kisukari huitwa glyburide, na mzazi anayekuja kuwatembelea na vidonge vyake kutoka nyumbani, kisha akaandikiwa vya hapa, anaweza kumeza vyote na sukari ikashuka hadi azimie. Siku ya kumpeleka kwa daktari, wekeni dawa zake zote kwenye mfuko mmoja pamoja na maboksi yake, na mwombeni mfamasia alinganishe kemikali moja baada ya nyingine.