Namna ya kuunda saa ya moto ya mji wa kubuni

Mji ninaoutungia hadithi unaitwa Utusini. Uko chini ya wingu la majivu lisiloondoka, kwa hiyo wakazi wake hawajawahi kuona jua likichomoza wala kivuli kikisogea. Wakati wanaupima kwa moto. Hapa nitaeleza jinsi ninavyoiunda saa yao mezani kwangu Nairobi, kwa mshumaa wa dukani na misumari, kabla sijaandika sentensi hata moja inayoitaja. Mpangilio huo nauamini kabisa: choma kwanza, andika baadaye. Moto halisi una tabia zake, na tabia hizo humpa mtunzi visa ambavyo asingeviwaza akiwa amekaa tu na kalamu.

1. Amua saa yao inaanzia wapi

Sisi huhesabu saa tangu jua lichomoze, na hesabu hiyo inatufaa kwa sababu tuko karibu na ikweta. Nairobi mchana na usiku hukaribia kulingana mwaka mzima. Utusini hakuna alfajiri. Siku huanza pale moto unapowashwa. Basi lazima awepo mwenye haki ya kuwasha, na lazima ijulikane kinachofanyika mwali ukizimika katikati. Andika majibu ya maswali hayo mawili kabla ya kununua chochote. Kwangu mimi kipimo chao ni zamu, na zamu moja ni misumari minne, yaani muda wa misumari minne iliyochomekwa kwenye mshumaa kuanguka mmoja baada ya mwingine nta ikiyeyuka.

2. Chagua kitakachoungua

Mshumaa ndio rahisi kuupima. Asser, askofu aliyeandika maisha ya mfalme Alfred wa Wessex (ufalme wa zamani huko Uingereza) mwaka 893, anasimulia mishumaa sita yenye urefu wa inchi 12, kila mmoja ukiwaka saa nne, yote sita ikimaliza mchana na usiku. Ukigawanya, kila inchi ni dakika 20.

Ubani una uzuri mwingine: huungua polepole bila mwali, hivyo upepo mdogo hauuzimi. Wachina walitengeneza saa za namna hii kwa karne nyingi. Nyingine zilikuwa kijiti cha ubani kilicholazwa, juu yake nyuzi zenye vipira vya chuma kwenye ncha. Moto ukiufikia uzi, unakatika na vipira vinaanguka kwenye sahani vikilia. Mtaani Eastleigh hapa Nairobi utapata udi, ubani na unsi wa kila aina, na hapo ndipo nilipopata wazo ninalolipenda kuliko yote katika hadithi hii: harufu ikibadilika kila zamu, kipofu wa Utusini anajua saa kwa pua, tena gizani anajua mapema kuliko mwenye macho.

Njia ya tatu ni mafuta. Weka mafuta ya kupikia ndani ya glasi iliyonyooka, tia utambi unaoelea juu yake, chora alama kwenye glasi na utazame mafuta yakishuka. Glasi iliyopanuka juu haifai, kwani umbali kati ya alama hautakuwa sawa. Mafuta ya taa usiyatumie kwa kazi hii, ni hatari bure.

Kuanzia hapa nitafuata mshumaa.

3. Pima

Nunua pakiti moja ya mishumaa myembamba, ile ya kuwasha stima ikipotea. Chora mistari kila sentimita kwa rula, ukianzia sentimita mbili chini ya ncha. Sehemu ile ya juu usiihesabu: imechongoka, na mwali bado haujatulia. Washa, kisha andika dakika kila mstari unapofikiwa. Rudia kwa mishumaa mitatu ya pakiti ileile na uchukue wastani. Ukibadilisha aina ya mshumaa, pima upya. Unene, nta na utambi vyote vinabadilisha mwendo. Hata ukihamia chumba kingine chenye dirisha wazi, pima upya.

4. Chomeka misumari

Tumia misumari midogo ya inchi moja. Ukiigongelea, mshumaa utapasuka. Pasha sindano moto, toboa tundu lenye kina cha nusu sentimita kwenye mstari, kisha ingiza msumari ukiinamisha kichwa chini kidogo ili uzito wake uuvute nje. Usiufikishe kwenye utambi. Simamisha mshumaa katikati ya sinia la bati. Plastiki haitoi mlio, na inaweza kuyeyuka.

Sasa angalia kwa makini. Nta huyeyuka chini ya mwali, kwa hiyo msumari unaweza kuanguka kabla mwali haujaufikia mstari wake. Hesabu mlio, achana na mstari. Na kama nta inatiririka upande mmoja na kuganda juu ya msumari, msumari utachelewa. Hilo linatuleta kwenye upepo.

5. Kinga

Mishumaa ya Alfred ilikuwa haiwaki sawasawa, kwani upepo uliingia kupitia milango, madirisha, nyufa na hata kuta za mahema. Kwa mujibu wa Asser, ndipo mfalme akaagiza taa ya mbao na pembe ya ng'ombe iliyochongwa hadi ikapitisha mwanga. Kwetu, fundi wa karakana za jua kali za Kamukunji anaweza kukukunjia bati la pande tatu, lenye matundu chini ya kuingiza hewa na juu pakiwa wazi. Upande wa nne acha wazi ili uone, uugeuzie mbali na dirisha. Weka ndoo ya mchanga karibu, ondoa mapazia, na usiondoke chumbani moto ukiwa unawaka.

6. Rudi Utusini

Ukishakuwa na namba zako, jiulize kila kilichokusumbua mezani kingemsumbua nani kule. Upepo ukiharakisha mshumaa, zamu ya mlinzi wa lango inafupika, na mwenzake anaingia kabla ya haki yake. Mwizi hahitaji kumshinda mlinzi nguvu. Anatoboa kinga upande mmoja tu. Nta inatoka kwa warina asali wa mbali, kwa hiyo ikulu ina mishumaa, wafanyabiashara wana ubani, na mtaa wa maskini una mafuta kwenye glasi zisizolingana. Saa tatu tofauti katika mji mmoja. Mtu akishtakiwa kwamba alifika kwenye daraja baada ya lango kufungwa, hakimu ataamua kwa moto wa nani?

Kesi hiyo ndiyo ninayoiandika sasa. Nimeweka mishumaa miwili ya pakiti moja, mmoja ndani ya kinga, mwingine nje, nimeiwasha pamoja. Dakika zinazotenganisha msumari wa nne wa huu na wa nne wa ule ndizo dakika anazogombania mshtakiwa, na ushahidi wake nauandika kwa kuzifuata hizo.