Jina lako limenyakuliwa mtandaoni: jinsi ya kulidai

Hatua ya 1: Kusanya ushahidi ukiwa kimya. Usimwandikie mnyakuzi bado. Mteja wangu mmoja alimtumia barua pepe ya vitisho usiku. Kulipokucha, ukurasa uliobeba nembo yake ulikuwa mtupu, naye hakuwa na picha hata moja. Piga picha za skrini zenye tarehe na anwani kamili.

Hatua ya 2: Linganisha tarehe mbili. Huyo mtu alikipata kikoa (anwani ya tovuti, kama jina.com) lini, na haki yako juu ya jina ilianza lini? Akiwa amekutangulia, kesi nyingi hufia hapa, kwani nia mbaya hupimwa siku aliyokipata. Ukilazimisha, jopo la waamuzi wa migogoro ya vikoa laweza kutamka kwamba mporaji ni wewe.

Hatua ya 3: Thibitisha jina ni lako. Una cheti cha alama ya biashara? Kiambatishe, songa mbele. Huna? Kazi iko hapa. Nchi zinazofuata mfumo wa sheria wa Uingereza humzuia mtu kujipitisha kwa jina la mwenzake hata lisiposajiliwa, mradi uonyeshe sifa uliyojijengea kwa wateja, upotoshaji wake, na madhara uliyopata au utakayopata. Mwaka 1998, katika kesi ya One in a Million, Mahakama ya Rufani ya Uingereza iliona kwamba vikoa vyenye majina ya kampuni maarufu vilikuwa nyenzo za ulaghai, ingawa wenye kuvisajili walikuwa wakivishikilia tu ili wauze.

Leta hesabu za mauzo ya miaka, matangazo, habari za magazeti. Ujumbe mmoja wa mteja aliyelipa kule akidhani ni kwako nauthamini kuliko viapo kumi vya wafanyakazi wako. Na jina likiwa maneno ya kawaida yanayoeleza bidhaa yenyewe, jiandae kusota.

Hatua ya 4: Chagua mlango. Kwa .com, .net na .org kuna UDRP, utaratibu wa kuamua migogoro ya vikoa nje ya mahakama, uliopitishwa mwaka 1999 na ICANN, shirika linalosimamia majina ya vikoa duniani. WIPO, shirika la Umoja wa Mataifa la miliki ubunifu linalosikiliza kesi hizi, hutoza dola 1,500 za Marekani kwa kikoa 1 hadi 5 mbele ya mwamuzi mmoja. Utapata kuhamishiwa kikoa au kifutwe, basi. Fidia kaidai mahakamani. Vikoa vya nchi, kama .ke au .tz, vina kanuni zake, zisome kwanza.

Hatua ya 5: Andika lalamiko la UDRP. Mambo matatu, yote kwa pamoja: kikoa kinafanana na alama yako kiasi cha kuchanganya; mlalamikiwa hana haki wala maslahi halali; kilisajiliwa *na* kinatumiwa kwa nia mbaya. Hiyo "na" imeangusha wengi. Hata hivyo, tangu uamuzi wa mwaka 2000 katika kesi ya Telstra, kampuni ya simu ya Australia, kukikalia kikoa bila kukitumia kwaweza kuhesabiwa matumizi mabaya, mazingira yakiashiria hivyo.

Mlalamikiwa ana siku 20 za kujibu. Ukishinda, msajili (kampuni ambako kikoa kimesajiliwa) husubiri siku 10 za kazi, kwa kuwa aliyeshindwa anaweza kukimbilia mahakamani. Usichapishe kadi mpya za biashara kabla siku hizo hazijaisha.