Usiishie kuuliza rejesho la mwezi: namna ya kupima mkopo wa nyumba mpaka mwisho wake

Jumamosi moja mdogo wangu alikuja kwangu Buswelu akitokea Sengerema, bahasha ya kaki kwapani. Siku hizi daraja la Kigongo–Busisi limemnyima kisingizio cha foleni ya kivuko, kwa hiyo alifika kabla chai haijachemka. Akatoa karatasi ya benki, akaigeuza upande wangu na kuniwekea kidole mahali pa kusoma. "Dada, milioni 60, miaka 20. Rejesho ni laki nane na thelathini na nne tu kwa mwezi."

Hilo "tu" nililijua. Nililitamka mwenyewe Machi 2017.

Mimi ni mhasibu kwenye kiwanda cha minofu ya sangara hapa Mwanza. Kazini kila kitu tunapima mara mbili, samaki mzima akiingia na minofu ikitoka. Katikati yapo mapanki, yaani kichwa na mifupa, na mtu asiyeyahesabu hawezi kujua kama siku hiyo kiwanda kimepata au kimekula hasara. Na bado siku ya kusaini mkopo wangu mwenyewe nilitazama samaki mzima nikaondoka. Hapa naeleza nilivyomwonyesha mdogo wangu. Kalamu na kikokotoo cha simu vinatosha.

Anza na mwezi wa kwanza. Chukua deni, zidisha kwa riba ya mwaka, gawa kwa 12. Kwake, na kwangu vilevile, ni milioni 60 kwa asilimia 16: riba ya mwaka mzima ni 9,600,000, na ya mwezi mmoja ni 800,000. Rejesho lake ni 834,754. Toa 800,000. Zinabaki 34,754. Hiyo ndiyo minofu, fedha pekee iliyopunguza deni mwezi huo. Nyingine zote ni mapanki.

Mwezi wa pili deni ni 59,965,246. Rudia hesabu ileile: riba 799,537, minofu 35,217. Mwezi wa tatu riba 799,067, minofu 35,687. Mdogo wangu alifika mstari wa tano akaacha kalamu. Nikamwambia aendelee, maana anayepewa jumla bila kuipitia mistari haamini. Ukichoka kweli, fungua programu ya majedwali kwenye simu na uandike =PMT(16%/12,240,-60000000). Itakupa rejesho lilelile. Badili riba, miezi au deni, uone namba inavyocheza.

Sasa zidisha: 834,754 mara miezi 240 ni 200,340,960. Umekopa milioni 60, unarudisha milioni 200 na ushee. Wengi wakifika hapa hushtuka, wanasema benki ni wezi, halafu wanasaini hivyohivyo kwa sababu hawaoni njia nyingine. Mimi naona jumla hiyo si namba ya maana kuliko zote. Shilingi ya mwaka wa 20 haitanunua kinachonunuliwa na shilingi ya leo, kwa hiyo kuzijumlisha zote kana kwamba ni moja kunatia chumvi. Namba ya kuogopa ni nyingine, nayo huwezi kuipata mpaka uiombe: baada ya miaka mitano nitakuwa bado nadaiwa kiasi gani?

Mimi sikuiomba. Mwaka 2022, baada ya marejesho 60 bila kuchelewa hata siku moja, nilikwenda benki yangu (sitaitaja, tuna miaka mingi mbele yetu) kuomba taarifa ya mkopo. Nilikuwa nimelipa 50,085,240. Kichwani nilikuwa na hesabu ya kijinga kwamba robo ya muda imepita, basi robo ya deni imekwisha, nadaiwa kama 45. Dada wa dirishani akanigeuzia skrini: 56,836,221. Miaka mitano, milioni 50, deni limepungua milioni 3 na kitu. Nilitoka nje nikakaa kwenye ngazi hadi dereva wa bodaboda akaniuliza kama naumwa.

Haikuwa kosa la benki wala la mashine. Riba inahesabiwa kwenye salio, na mwanzoni salio ni kubwa, basi rejesho lote linamezwa. Kwa mkopo huu, nusu ya deni inafikiwa karibu na kumalizika kwa mwaka wa 16. Miaka minne iliyobaki ndiyo inayobeba nusu nzima. Kwa hiyo mtu anayefikiri, "nitakaa miaka sita, kisha nitauza nihamie Dodoma," anatakiwa kujua kwamba akiuza atairudishia benki karibu kila alichokopa.

Kabla hujasaini, omba jedwali zima la marejesho, mwezi kwa mwezi, kwa karatasi. Usikubali picha ya skrini. Weka alama kwenye mstari wa 60, wa 120 na wa 180. Kwa mkopo huu, ukifika wa 120 umelipa milioni 100 na bado unadaiwa 49,832,000 hivi. Onyesha mwenzi wako mistari hiyo mitatu. Nyumba ya familia haiwekwi rehani kisheria bila ridhaa ya mwenzi, na ridhaa ya mtu ambaye hajaona mstari wa 120 naiona ni saini tu. Nilimwambia mdogo wangu ampeleke wifi yangu benki pamoja naye. Alikunja uso, lakini alimpeleka.

Kisha cheza na muda, kwa maana hapo ndipo penye utajiri. Milioni 60 zilezile, asilimia 16 ileile, ila miaka 15: rejesho ni 881,220, jumla milioni 158.6. Yaani ukiongeza 46,466 kwa mwezi unaokoa zaidi ya milioni 41. Miaka 10: rejesho 1,005,079, jumla milioni 120.6. Ofisa wa mikopo hukuuliza, "unaweza kulipa kiasi gani kwa mwezi?" kisha anavuta muda mpaka rejesho liingie mfukoni mwako. Hakudanganyi, ila amejibu swali lake. La kwako ni hili: nikijibana kidogo, muda unapungua kiasi gani? Kwa mtumishi wa umma anayetakiwa abaki na theluthi ya mshahara, wakati mwingine hakuna pa kujibana. Basi huenda mkopo wenyewe ni mkubwa mno, akope 40.

Ipo na hadithi ya asilimia. Mdogo wangu alikuwa na karatasi ya pili, ya chama cha kuweka na kukopa: asilimia 10, miaka 10. Akacheka, "Dada, hawa wana huruma." Nikamwambia asome mstari wa chini. Riba ile haipungui: asilimia 10 ya deni la mwanzo, kila mwaka, hata ukiwa umebakiza milioni 5. Milioni 6 kwa mwaka mara 10 ni milioni 60. Jumla milioni 120, rejesho 1,000,000 kamili. Linganisha na benki kwa miaka 10, riba inayopungua na salio, asilimia 16: rejesho 1,005,079. Tofauti ni shilingi elfu tano. Asilimia 10 na asilimia 16 zimekutana mlango mmoja. Kwa hiyo ukitajiwa riba, uliza kwanza: inahesabiwa kwenye salio, au kwenye deni la mwanzo?

Uliza pia kama riba imefungwa au inabadilika. Tangu Januari 2024 Benki Kuu inatangaza riba yake yenyewe, ilianza na asilimia 5.5, na wakopaji wengi sasa wanasikia kwenye habari "riba ya Benki Kuu", neno ambalo zamani lilikuwa la wachumi. Mkataba ukiiachia benki nafasi ya kupandisha, jipime leo kwa asilimia 18: rejesho la miaka 20 linakuwa 925,987, yaani zaidi ya elfu 91 juu kila mwezi. Kama hiyo elfu 91 inakukatisha ada ya mtoto, jibu umelipata ukiwa bado hujasaini.

Gharama za mlangoni nitazipitia haraka, ingawa ndizo watu huzilalamikia zaidi. Kuna ada ya kuandaa mkopo, mthamini, mwanasheria, na kusajili rehani kwenye ofisi ya ardhi. Andika kila moja kwa shilingi, siyo kwa asilimia. Asilimia 1 ya milioni 60 inasikika ndogo hadi uiandike 600,000. Angalia kama zinakatwa ndani ya mkopo: ukipokea milioni 58 huku ukilipia riba ya 60, hizo mbili utazilipa kwa miaka yote.

Zinazorudi kila mwaka ndizo zinazosahaulika. Mimi bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto kwa pamoja zilikuwa 320,000 mwaka wa kwanza. Hata zisingepanda, kwa miaka 20 ni milioni 6.4. Kodi ya jengo inakatwa kwenye LUKU, 1,500 kwa mwezi kwa nyumba ya kawaida, hiyo haiumizi. Kodi ya ardhi ipo. Kinachouma hapa kwetu ni mawe. Mwanza tunasifia mandhari ya mawe mpaka upate kiwanja mlimani: lori linaishia chini, tofali zinapanda kwa vichwa vya vijana, na masika ya pili unagundua unahitaji ukuta wa kuzuia udongo ambao mthamini hakuutaja. Wangu ulikula milioni 4 na nusu, na kwa sababu rejesho lilikuwa limenibana nilikopa tena kwa kikundi, kwa riba mbaya zaidi. Acha nafasi ya ukuta kwenye bajeti, hata kama kiwanja kinaonekana tambarare.

Mdogo wangu akaniuliza swali la haki: "Kwa hiyo ulikosea kukopa?" Sijui kumjibu kwa neno moja. Kabla ya hapo nilikuwa nalipa pango 250,000 kwa mwezi, miezi sita mbele, kwa mwenye nyumba aliyefunga maji akikasirika. Zile milioni 50 za miaka mitano ya kwanza zingeweza kuinua nyumba ya kawaida kidogo kidogo, msingi mwaka huu, bati mwaka ujao, kama majirani zangu wengi walivyofanya. Toa milioni 15 za pango la muda huo, zinabaki 35. Je, ningekuwa na nidhamu ya kuweka laki tano na nusu na zaidi kila mwezi bila mtu wa kunikata? Nikijijua nilivyo, na misiba na harusi za ukoo wetu, siamini. Lakini wewe fanya hesabu hiyo kwa jina lako. Weka safu tatu: kukopa, kupanga, kujenga polepole. Linganisha baada ya miaka 5 na baada ya 20.

Kama umeshasaini, kuna dawa moja kubwa: kuongeza kidogo, mapema. Nilipoinuka kwenye zile ngazi niliamua kuongeza 100,000 kila mwezi. Kwa salio la 56,836,221, laki hiyo inashusha miezi iliyobaki kutoka 180 hadi 126, miaka minne na nusu inafutika, na karibu milioni 33 hazitoki mfukoni. Ningeanza tangu mwezi wa kwanza, mkopo mzima ungeisha kwa miaka 12 na miezi michache.

Ila usiweke tu fedha kwenye akaunti. Laki zangu nne za mwanzo zilikaa pale zikisubiri kama rejesho la mbele, deni halikuguswa. Ilibidi niandike barua yenye mambo mawili: ziada ipunguze deni la msingi, na rejesho libaki palepale ili muda ndio upungue. Wakikupunguzia rejesho na kuacha muda, sehemu kubwa ya faida inapotea. Peleka nakala mbili, igongewe mhuri yako. Kabla ya hapo soma kifungu cha kulipa kabla ya muda. Kama kuna faini, ihesabu kwanza uone ziada inabakiza nini. Kifungu hicho ni rahisi kujadiliana kabla ya saini kuliko baada. Mdogo wangu alikiombea kiondolewe, wakakiondoa, na akabadili miaka 20 kuwa 15.

Kila Januari naomba taarifa ya mkopo na kuilinganisha na jedwali langu, mstari kwa mstari, kama ninavyolinganisha mizani kazini. Mara moja niliona bima imekatwa mara mbili. Walirudisha.

Na siku deni likiisha, hati haijifungui yenyewe. Benki inatakiwa itoe hati ya kufuta rehani, nayo isajiliwe ardhi, ndipo jina la benki litoke. Kuna ada na kuna safari za ofisini. Yangu, Mungu akipenda, ni mwishoni mwa 2032. Bahasha ya nauli na ada hiyo nimeshaifungua kwenye droo, ina elfu 40.