Namna ya Kusafiri kwa Ndege Kwenda Saint Lucia Bila Kuchanganya Viwanja Vyake Viwili

Kisiwa cha Saint Lucia kina urefu wa kilomita 43 hivi tu kutoka kaskazini hadi kusini, lakini kina viwanja viwili vya ndege, na msafiri anayekosea kimoja kwa kingine anaweza kupoteza siku nzima au tiketi nzima. Kwa hiyo, kabla hujatazama hata nauli, tazama kwanza herufi 3 za kiwanja zilizoandikwa kwenye tiketi. UVF ni Hewanorra, kiwanja kilichopo Vieux Fort, kusini kabisa mwa kisiwa. SLU ni George F. L. Charles, ambacho watu wengi hukiita Vigie kwa jina la mahali kilipo, na kiko dakika chache tu kutoka katikati ya Castries, mji mkuu, upande wa kaskazini-magharibi.

Viwanja hivi vimegawana kazi kwa sababu ya urefu wa njia zake za kurukia. Hewanorra kilianza kama kiwanja cha jeshi la Marekani wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, kikiitwa Beane Field, na njia yake yenye urefu wa takriban mita 2,700 inapokea ndege kubwa zinazotoka London, Miami, New York na Toronto. Njia ya Vigie ni fupi zaidi, na imebanwa: upande mmoja mji, upande wa pili barabara, makaburi na ufukwe wa bahari. Huko hutua ndege za pangaboi zinazounganisha kisiwa na jirani zake kama vile Barbados, Antigua na Trinidad, ndege ambazo msafiri wa Tanzania atazilinganisha mara moja na bombadia za kwetu.

Nalisisitiza hili kwa sababu lilinikuta. Safari yangu ya kwanza nilinunua tiketi mbili mbalimbali: moja ya kunifikisha Hewanorra, nyingine ya kunitoa Saint Lucia kwenda Dominica, na kwa kuwa zote mbili ziliandikwa jina la kisiwa kilekile, niliamini kwamba saa 2 na nusu katikati zilinitosha. Foleni ya uhamiaji ilichukua saa moja. Ndipo nilipomwonyesha dereva wa teksi karatasi yangu, naye akaisoma, akaweka kidole juu ya zile herufi SLU, akaniambia taratibu kwamba hapa sipo. Tulipofika Vigie, dada wa kaunta alikuwa amekwisha kufunga orodha ya abiria, na ndege ilikuwa bado imesimama pale nje, milango imefungwa, ikionekana wazi kupitia kioo. Tiketi ile haikurudishwa fedha, wala hapakuwa na wa kumlaumu, kwa kuwa sikuwa nimeisoma.

Kutoka Afrika Mashariki hakuna ndege ya moja kwa moja kwenda Karibi, hivyo ni lazima upitie bara jingine, na hapo ndipo penye kazi kubwa kuliko sehemu nyingine zote za maandalizi. Wengi hupitia London. Ukichagua njia hiyo, kumbuka kwamba safari za Saint Lucia kwa muda mrefu zimekuwa zikiondoka zaidi Gatwick, ilhali ndege nyingi za Nairobi hutua Heathrow, na kati ya viwanja hivyo viwili ni safari ya basi ya zaidi ya saa moja, tena ndani ya Uingereza. Kutoka kwenda kiwanja kingine maana yake ni kupita uhamiaji, na kwa hiyo kuhitaji viza ya kupita nchini. Hata asiyetoka nje ya kiwanja, akiwa na pasipoti ya Kenya, Tanzania, Uganda, Rwanda, Burundi au Kongo, huhitaji viza ya kupitia uwanjani, isipokuwa awe na hati zinazomwondolea sharti hilo, kama vile viza halali ya nchi fulani zilizotajwa katika kanuni zao.

Marekani haina utaratibu wa abiria kusubiri ndani ya kiwanja bila kuingia nchini. Kila anayebadili ndege Miami au New York hupita kwa maofisa wa uhamiaji, huchukua mizigo yake na kuikabidhi upya, kwa hiyo ni lazima awe na viza hata akipita kwa saa 2 tu. Njia ya Paris hukufikisha Martinique, kisiwa jirani, na kutoka hapo kuna boti ya kwenda Castries. Lakini Martinique, ingawa ni sehemu ya Ufaransa, haimo katika eneo la Schengen, yaani nchi za Ulaya zinazotumia viza moja, na viza ya Schengen peke yake haitoshi. Unapoomba viza, taja wazi kwamba utafika Martinique ili iandikwe hivyo.

Ushauri wangu kwa mtu atakayefikia kaskazini, yaani Castries, Rodney Bay au Gros Islet, ni kwamba alinganishe nauli ya kutua Hewanorra na ile ya kupitia Barbados hadi Vigie. Mara nyingine tofauti ni ndogo kuliko gharama ya teksi ya kuvuka kisiwa. Akichagua Barbados, anunue safari yote katika tiketi moja, ili ndege ya kwanza ikichelewa, jukumu la kumfikisha liwe la shirika na si lake. Pia apime mizigo nyumbani, kwa kuwa ndege ndogo za visiwani zina masharti makali ya uzito, na begi lililokubaliwa bila neno London linaweza kulipiwa zaidi au kuachwa lifuate kesho yake.

Katika begi la mkononi weka cheti cha chanjo ya homa ya manjano, kwani Saint Lucia hukidai kwa abiria watokao nchi zenye ugonjwa huo, zikiwemo Kenya, Uganda, Burundi na Kongo. Chanjo huanza kutambuliwa siku 10 baada ya sindano, na tangu 2016 cheti chake hudumu maisha yote. Andika pia mahali utakapolala, kwa anwani kamili, kwa sababu ofisa wa uhamiaji atakuuliza, na uwe na tiketi ya kurudi. Nguo zenye madoadoa ya kijeshi ziache nyumbani, hata za watoto. Sheria ya kisiwa hairuhusu mtu asiye askari kuzivaa. Jambo moja litakalokufurahisha ni kwamba umeme wao ni wa volti 240 na soketi zao ni za matundu matatu kama zetu, kwa hiyo chaja yako itaingia bila kifaa cha ziada.

Ukipata nafasi ya kuchagua kiti, chukua dirisha la kushoto. Upepo wa huko huvuma kutoka mashariki, hivyo ndege zinazotoka kaskazini mara nyingi hushuka zikifuata pwani ya magharibi kabla ya kukata kona kuelekea Hewanorra, na hapo hupita karibu na Gros Piton na Petit Piton, milima miwili yenye zaidi ya mita 700 inayosimama wima toka baharini.

Kutoka Hewanorra hadi Castries ni saa moja na nusu kwa gari, kwa barabara inayopita Micoud na Dennery na kisha kupanda mlima wa Barre de l'Isle. Teksi hazina mita, kwa hiyo patana nauli kabla ya kupakia mizigo, na uulize ni dola ipi, kwani dola 1 ya Marekani ni dola 2.70 za Karibi Mashariki, ambazo ndizo fedha za kisiwa. Asiye na mizigo mingi anaweza kupanda basi dogo la njia ya 2H, ambalo linafanana sana na daladala au matatu, na nauli yake ni ndogo mno kuliko ya teksi.

Barabara hiyohiyo ndiyo ya kuifikiria siku ya kurudi. Msimu wa vimbunga ni kuanzia Juni hadi Novemba. Mwaka 2010 kimbunga Tomas kiliporomosha udongo na kuikata njia ya Barre de l'Isle, na mkesha wa Krismasi wa 2013, nje kabisa ya msimu, mvua ilifurisha kiwanja chenyewe cha Hewanorra. Kama unalala kaskazini, hesabu saa 3 za kuwa kiwanjani, saa moja na nusu ya barabara, na nusu saa ya mvua au lori lililokwama mlimani. Ndege ikiondoka saa 10 alasiri, ambayo kwenye tiketi itaandikwa 16:00, gari liwe limekwisha kupakia mizigo mlangoni pako saa 5 asubuhi.