Jinsi ya kuusikiliza muziki wa majaribio wa Ulaya wa baada ya vita

Mwanakwaya akiniuliza aanzie wapi kuwasikiliza watunzi akina Stockhausen, Schaeffer na Ligeti, simpi kitabu cha nadharia. Nilikuwa fundi mitambo redioni enzi za tepu na wembe, na ushauri wangu unatoka kwenye meza ile: kabla hujaanza kusikiliza, jua kazi ilitengenezwa katika nyumba gani, nani alilipa, na mikono ya mafundi ilifanya nini. Ukiyajua hayo, sauti ulizodhani ni vurugu tupu zinaanza kujipanga.

Nyumba yenyewe mara nyingi ilikuwa redio. Ujerumani ya 1945 ilikuwa magofu, na kwa miaka 12 Wanazi walikuwa wameupiga marufuku muziki wa mtunzi Schoenberg na wengine wengi. Mwaka 1946 Wolfgang Steinecke, ofisa wa utamaduni wa mji wa Darmstadt, alianzisha kozi za kiangazi katika kasri la Kranichstein ili vijana wausikie na kuusoma muziki walionyimwa. Mji wake ulikuwa umeteketezwa kwa mabomu Septemba 1944, na utawala wa Wamarekani ulimsaidia. Kozi hizo ziliwakutanisha watunzi vijana Boulez, Nono, Maderna na Stockhausen.

Lakini kozi ya kiangazi huisha, watu wakarudi makwao. Waliowapa vijana wale kazi mwaka mzima ni mashirika ya utangazaji, yaliyoendeshwa kwa ada ya kila nyumba yenye redio. Shirika la namna hiyo halikulazimika kujaza ukumbi. Liliweza kuagiza kazi mpya, kuilipa orkestra ifanye mazoezi ya kutosha, kisha kuirusha usiku kwa yeyote aliyekuwa macho. Tamasha la muziki mpya la Donaueschingen, mji mdogo wa Ujerumani, lilifufuka 1950 likiegemea redio ya Südwestfunk. Studio za muziki wa mitambo zilifuata: ya Köln iliasisiwa 1951, ya Milano 1955, ya Warszawa 1957, zote ndani ya redio. Nasema wazi kwamba pasipo ada ile, sehemu kubwa ya muziki huu isingetungwa kabisa.

Sasa tafuta spika mbili nzuri au hedifoni. Spika ya simu inameza sauti zote za chini, na humo ndimo kazi nyingi hizi zinamoishi. Sikiliza usiku, wakati nyumba imetulia. Mara ya kwanza usisome chochote huku ukisikiliza.

Anzia Kairo. Historia nyingi huanzia Paris, na kwangu huo ni udhalimu. Mwaka 1944 Halim El-Dabh, kijana wa Kimisri, aliazima mashine ya kurekodi kwa waya, akaenda kwenye zar, ibada ya kupunga pepo ambayo mtu wa Pwani hahitaji kuelezwa. Akarekodi sauti za wanawake. Studioni akapunguza sauti ya msingi, akabakiza mwangwi na vivuli vyake, akaubadilisha mwangwi huo kwa kusogeza kuta za chumba. Kipande kinachosikika leo hakizidi dakika chache. Kisikilize mara mbili mfululizo, na uangalie ni wapi unapoacha kusikia koo la mtu ukaanza kusikia kitu kingine.

Ndipo uende Paris. Pierre Schaeffer, mhandisi wa redio ya Ufaransa, alirekodi treni katika kituo cha Batignolles, akatengeneza kazi ya dakika tatu hivi aliyoiita “Étude aux chemins de fer”. Ilirushwa hewani 5 Oktoba 1948. Tepu bado hakuwa nayo. Alitumia sahani za santuri ambazo mfereji wake umefungwa duara, sindano ikizunguka palepale na sauti ikijirudia bila mwisho. Jaribio lake jingine lilikuwa kuikata kengele, na hilo nakuomba ulifanye mwenyewe kabla hujaendelea.

Rekodi kengele kwa simu, au gonga sufuria tupu kwa kijiko na uiache ilie hadi inyamaze. Fungua rekodi hiyo katika programu ya bure ya kuhariri sauti, kama Audacity. Utaona umbo linaloanza kwa mlima mkali, kisha linateremka polepole. Kata ule mlima tu, sehemu ndogo ya sekunde, halafu laini kidogo pale ulipokata ili kusiwe na mgongano. Cheza kilichobaki. Chuma kimetoweka, unasikia kitu kinachokaribia zumari. Sikio linaitambua sauti kwa mwanzo wake kuliko tunavyodhani. Ukiuondoa mwanzo, linapoteza habari ya ilikotoka. Usiliruke zoezi hili. Ndilo ufunguo wa Köln.

Köln, mji ambako Idhaa ya Kiswahili ya Deutsche Welle ilitangazia hadi ilipohamia Bonn 2003, ulikuwa na studio nyingine, ya redio ya NWDR, ambayo baadaye ikawa WDR. Herbert Eimert na wenzake walioianzisha hawakutaka treni wala kengele. Walitaka sauti itengenezwe tangu mwanzo kwa mitambo: wimbi moja tupu, lisilo na rangi. Katika “Studie II” ya 1954, Stockhausen alitumia masafa 81, yaani viwango 81 vya mtetemo, kuanzia hezi 100 (mitetemo 100 kwa sekunde), na muda aliuandika kwa sentimita, kwa sababu tepu ilikwenda sentimita 76.2 kwa sekunde. Robo sekunde ni sentimita 19 na kidogo. Alichukua vipande vitano vya tepu, kila kimoja na wimbi lake, akaviunga mfululizo, akavifunga duara, akavipiga ndani ya chumba cha mwangwi, na alichokibakiza ni mwangwi peke yake. Unaiona kengele ya Schaeffer hapo? Mwanzo umekatwa.

Aliyewahi kuunga tepu anajua maana ya kazi hiyo. Unakata mshazari, wembe usiwe na sumaku, la sivyo kiungo kitatoa mlio. Unakutanisha ncha mbili zisipishane wala kuachana, unabandika gundi upande wa nyuma, unasugua kwa ukucha hadi hewa yote itoke. Kisha kipande kinachofuata. Kazi nzima ni dakika tatu hivi, na ukisikiliza ukijua hilo, utasikia subira ya binadamu ndani yake.

Baada ya hapo chukua “Gesang der Jünglinge” ya Stockhausen huyohuyo, iliyochezwa mara ya kwanza Köln 30 Mei 1956 kwa makundi matano ya spika. Kama ungesikiliza kazi moja tu katika orodha hii, ningechagua hii. Maneno yanatoka Danieli sura ya 3, wimbo wa vijana watatu katika tanuru la moto. Wakatoliki wanao katika Biblia yao na wengi wameuimba. Sauti ni ya mtoto mmoja, Josef Protschka, iliyorekodiwa, kukatwa na kurundikwa hadi akawa umati. Mara ya kwanza mfuate mtoto tu, popote anapokwenda. Mara ya pili fuata sauti za mitambo. Mara ya tatu sikiliza mahali zinapokutana, pale konsonanti ya mtoto inapogeuka mchakarisho wa mashine.

Redio iliwahi kufanya zaidi ya kulipa. Tarehe 7 Novemba 1956, Budapest, mji mkuu wa Hungaria, ikiwa inapigwa na vifaru vya Wasovieti, György Ligeti aliifungua redio akaisikia kazi hiyohiyo ikirushwa kutoka Köln. Baba na mdogo wake walikuwa wamefia katika kambi za Wanazi. Desemba alitoroka kuvuka mpaka, na mapema 1957 akawa Köln, studioni. Mwaka 1961 Donaueschingen ikapiga “Atmosphères” yake, kazi ya orkestra isiyo na mtambo hata mmoja, lakini masikio yaliyoitunga yalifunzwa na tepu. Usitafute mdundo wala wimbo humo. Tafuta wingu linavyobadilika rangi.

IRCAM ya Paris, taasisi ya utafiti wa muziki ya Boulez iliyofunguliwa 1977, iache kwa baadaye. Ina kompyuta nyingi na kazi nzuri, ila mgeni hupotea humo.

Malizia na kwaya: “Il canto sospeso” ya Luigi Nono, iliyoimbwa mara ya kwanza Köln 24 Oktoba 1956. Maneno yake ni barua za mwisho za wapinzani wa ufashisti waliohukumiwa kifo, vijana wengi miongoni mwao. Zisome barua kwanza, kimya, zote. Katika sehemu ya pili kwaya inaimba bila ala yoyote, na hapo uwe na maandishi mkononi: Nono anazigawa silabi za neno moja kwa sauti mbalimbali, moja ikianza, nyingine ikipokea, na asiyeyajua maneno atasikia vokali zinazopita tu.