Jinsi ya kuangalia muvi za zamani za mwanamke anayelipa kisasi, zile za bajeti ndogo

Watu wengi wakianza hizi muvi za miaka ya 70 na mwanzoni mwa 80 wanazima mapema, picha ina chembechembe, sauti inakwaruza, waigizaji wengine wanasoma mistari tu. Mimi nazipenda sana na naamini zinataka namna yake ya kuangalia.

Anza na kopi, na hapa usikimbilie kabisa. Muvi hizi zilikatwakatwa na bodi za ukaguzi na wasambazaji, kila nchi ikatoa kipande chake, kwa hiyo kabla hujabonyeza pleyi angalia ina dakika ngapi halafu linganisha na toleo kamili, maana ukikuta imepungua sana utaona mtu anauawa na hujui alikosa nini. Cheki na umbo la picha, kama vichwa vimekatwa juu au watu wamevutwa wakawa wembamba kama fito achana nayo tafuta nyingine. Zile chembechembe ziache, ni filamu yenyewe, ila setingi ya TV inayolainisha mwendo izime.

Pili, soma kidogo ndani kuna nini. Nyingi zinaanzia kwenye ubakaji na hazifichi, so usiweke watoto wakiwepo, na kama wewe mwenyewe huwezi kuliangalia hilo tukio peleka mbele, hasira yake utaipata tu.

Sasa ukishakaa, swali la kujiuliza kila tukio ni moja, hapa dairekta hakuwa na hela, amefanyaje? Chukua Ms. 45 ya 1981 ya Abel Ferrara. Thana ni fundi cherehani New York, na hawezi kuongea. Fikiria hilo, steringi hana maneno, basi kazi yote inabaki kwa macho ya Zoë Lund, na zile kelele za mtaani ambazo kwenye muvi nyingine zingefunikwa na maongezi zinakuwa ndo sauti ya hofu yake, na mitaa ni mitaa kweli sio ya kujengwa studio. Mwangalie anavyotembea mwanzoni, kajikunja, anapisha kila mtu, halafu mwangalie tena akishakuwa na bastola. Hakuna anayekwambia kabadilika, unauona mwili wake wenyewe!

Au Coffy ya 1973, Jack Hill kaiongoza, Pam Grier ni nesi anayewasaka wauza unga walioharibu mdogo wake. Kuna ugomvi kwenye sherehe, mwanamke mwenzake anamkamata afro amvute, mle ndani Coffy kaficha nyembe. Gharama ya hiyo ni nini, nyembe na damu ya kuigiza, lakini mkono wako mwenyewe utaukunja.

Kitu kingine fuatilia deni. Kila anapoua, jiulize yule mwanamke amebaki yule yule? Kwenye muvi nzuri kila kifo kinamchukulia kitu, anakuwa mkali zaidi au anaanza kupiga hata wasiohusika, na hapo ndo unaanza kumuogopea. Kama kafika wa tatu bado ni yule yule, hana kilichobadilika, hiyo zima bila huruma, bajeti ndogo sio kisingizio cha stori mbovu.

Kwa mpangilio mimi ningekwambia anza na Coffy maana inakimbia na ina raha, kisha Ms. 45 usiku ukiwa na utulivu na sauti umeiweka juu. Thriller ya Uswidi ya 1973, ile ya Christina Lindberg mwenye kiraka jichoni, iweke mwisho, ni nzito na mapigano yake yamepunguzwa mwendo mpaka unachoka, na angalia toleo vizuri kwa sababu kuna lenye vipande vya ngono ya wazi ambavyo stori haivihitaji hata kidogo, hapo toleo fupi kidogo lisilo navyo ndo zuri zaidi.