SOMO: Kuchora ubao wa ramli, kuanzia nukta ya kwanza mpaka mizani

Haya jamani, wengi mmeniomba nifundishe ramli. Leo nafundisha kuchora tu, kusoma baadaye. Kwangu mimi kuchora ndo kazi yenyewe, ubao ukikosewa hesabu hata uwe fundi wa maneno vipi unasoma kitu ambacho hakipo. Mimi nilifundishwa na babu, alikuwa anatandaza mchanga mkavu kwenye sinia (ramli kwa Kiarabu ndo mchanga wenyewe), ila nyie chukueni karatasi na kalamu, inatosha.

Hatua ya 1: Mama. Tia nia ya swali moja, sio matatu. Afu gonga nukta mistari 16, kulia kwenda kushoto, haraka haraka bila kuhesabu, ukianza kuhesabu wakati unagonga umeshaharibu. Ukimaliza kata mbili mbili kila mstari mpaka mwisho, ikibaki moja ni witiri, zikibaki mbili ni shufwa. Kila mistari minne inakupa umbo moja lenye ngazi nne, moto, upepo, maji, udongo, toka juu kwenda chini, na maumbo manne unayopata ndo Mama. Kila ngazi ina hali mbili tu, ndo maana maumbo ya ramli ni 16 na hayazidi. Majina mengine mnayajua tayari bila kujijua: Tariki ni nukta moja moja ngazi zote, yaani njia. Jamaa ni mbili mbili zote, watu wamekusanyika. Humra, wekundu, ni 2-1-2-2. Bayadhi, weupe, ni 2-2-1-2.

Tuchukue mfano wangu wa asubuhi. Mama wa kwanza 1-2-1-1, wa pili Bayadhi, wa tatu Tariki, wa nne Humra. Wapange kulia kwenda kushoto.

Hatua ya 2: Mabinti. Hapa ndo watu wengi wanapotea. Hugongi nukta mpya! Unasoma wale wale Mama kwa ubavu: ngazi za moto za Mama wote wanne zinakuwa Binti wa kwanza, za upepo wa pili, hivo hivo mpaka udongo. Kwangu imetoka 1-2-1-2, 2-2-1-1, 1-1-1-2 na 1-2-1-2.

Hatua ya 3: Wajukuu. Jumlisha Mama wa kwanza na wa pili ngazi kwa ngazi, jumla ikiwa witiri weka moja, ikiwa shufwa weka mbili. Wa tatu na wa nne vile vile, afu Mabinti wawili wawili. Nimepata 1-2-2-1, 1-2-1-1, 1-2-2-1, na wa mwisho Humra tena.

Hapo una nyumba 12 zimejaa (Mama wanne, Mabinti wanne, Wajukuu wanne, kwa mpangilio huo), na hiyo ndo ramani yako: 1 nafsi, 2 mali, 3 ndugu, 4 wazazi na ardhi, 5 watoto, 6 maradhi, 7 ndoa, 8 mauti, 9 safari, 10 kazi na cheo, 11 marafiki, 12 maadui.

Hatua ya 4: Mashahidi na Mizani. Wajukuu wawili wa kulia wanazaa shahidi mmoja (kwangu Bayadhi), wawili wa kushoto mwingine (1-1-2-1), mashahidi wakijumlishwa unapata Mizani. Yangu ni Tariki.

MASWALI

Shikamoo mwalimu, Mizani yangu imetoka 1-2-2-2, ina maana gani?
Marahaba. Haina maana yoyote, umekosea hesabu mwanangu. Jumla ya nukta za Mizani lazima iwe shufwa, kwa sababu Mabinti ni nukta zile zile za Mama zimehesabiwa mara ya pili. Kwahiyo kati ya maumbo 16 ni 8 tu yanaweza kukaa pale. Rudi kwenye Mabinti, nahisi umesoma ngazi kimakosa.

Kwenye mfano wako Humra imekaa nyumba ya 12, si kuna mtu anakuroga?
Hapana, na hili naomba tuelewane vizuri kabisa. Ubao unaonyesha hali ya nyumba, hauna jina la mtu, katika maumbo 16 hakuna hata moja linaloitwa bibi fulani wa jirani. Ramli chonganishi, ile ya kumtaja mtu kuwa mchawi, imeua bibi zetu Kanda ya Ziwa kwa sababu ya macho mekundu tu, na Januari 2015 serikali ya Tanzania ilipiga marufuku waganga wapiga ramli kutokana na mauaji ya watu wenye ualbino. Mtu akikuuliza "ni nani", kunja karatasi, hata kama ni ndugu yako anayelia.

Ustadh, dini inasemaje?
Iko hadithi katika Sahih Muslim ya nabii aliyekuwa akipiga mistari, mistari ya mtu ikiafikiana na yake basi ndo hivo, ni sawa. Maulamaa wengi wanaichukua kama katazo maana hakuna anayeijua mistari yake. Muulize shehe wako kabla hujashika kalamu.

Naweza kutumia app?
Mashine sio jambo jipya, British Museum kuna chombo cha shaba cha ramli cha Muhammad ibn Khutlukh wa Mosul, cha mwaka 639 Hijria, yaani 1241 au 1242. Na Madagaska kwenye sikidy, yaani ramli yao, wanatumia mbegu. Ila kwa sasa Mama wagonge kwa mkono wako, app ikukagulie Wajukuu.